Karamu ya Pamoja: Baada ya Fainali ya Kasarani

Jumamosi tarehe 30 Agosti 2025, saa kumi na mbili jioni, tuliketi katika kibanda umiza kilicho jirani na soko la mji wetu kuitazama fainali ya CHAN, yaani mashindano ya mataifa ya Afrika kwa wachezaji wanaocheza katika ligi za nchi zao. Kiingilio kilikuwa shilingi mia tano, na nafasi zilikuwa tele. Siku nane kabla, Taifa Stars ilipocheza na Moroko katika robo fainali, kibanda hicho hicho kilifurika hata watoto wakachungulia kwa zamu madirishani. Sasa timu zote tatu za wenyeji, Tanzania, Kenya na Uganda, zilikuwa zimekwisha kutolewa. Waliobaki ni wale wanaoupenda mpira wenyewe, pamoja na wachache ambao hawakuwa na mahali pengine pa kupitishia jioni.

Karibu wote tulikuwa upande wa Madagaska. Tukiri kwamba sababu yetu haikuwa ya kiinjili: Moroko ndiyo iliyotutoa, kwa bao moja la Oussama Lamlioui, na mtu aliyefungwa hupenda kumwona aliyemfunga naye akifungwa. Madagaska ilitupa matumaini mapema, Clavis Manohatsoa alipofunga katika dakika ya 9. Youssef Mehri akasawazisha dakika ya 27, na Lamlioui akaitanguliza Moroko muda mfupi kabla ya mapumziko. Katika dakika ya 68 Toky Rakotondraibe alirudisha bao, na kibanda kikalipuka kwa shangwe kana kwamba ni sisi tuliofunga. Kisha, dakika ya 80, Lamlioui alimwona kipa amesogea mbele ya lango lake, akapiga mpira kutoka mbali sana, ukapita juu ya vichwa vya wote na kuingia wavuni. Matokeo yakawa 3–2, na Moroko ikawa nchi ya kwanza kulitwaa kombe hilo mara tatu. Palikuwa na kimya kwanza. Halafu mzee mmoja aliyeketi benchi la mbele akaanza kupiga makofi polepole, na wengine tukamfuata, maana bao lile lilistahili.

Asubuhi iliyofuata ilikuwa Dominika ya 22 ya Mwaka C wa Kanisa. Injili iliyosomwa katika parokia zote ni ile ya Luka sura ya 14, ambamo Bwana Yesu, akiwa mgeni katika nyumba ya mkuu mmoja wa Mafarisayo, anawatazama walioalikwa wakigombania viti vya mbele. Anawaambia wageni wachague nafasi ya nyuma. Kisha anamgeukia mwenyeji, na hapa ndipo maneno yanapokuwa magumu zaidi: atakapoandaa karamu asiwaalike marafiki na majirani matajiri, ambao nao watamwalika na kumlipa, bali awaalike maskini, vilema, viwete na vipofu, watu ambao hawana cha kumrudishia. Padre wetu hakugusa habari za mpira katika mahubiri yake, wala hakuwa na wajibu wa kufanya hivyo. Lakini sisi tuliotoka katika kibanda usiku uliotangulia tulilisikia Neno hilo likitugusa moja kwa moja. Kwa muda wa mwezi mzima, Afrika ya Mashariki ilikuwa mwenyeji wa karamu. Inafaa kuuliza ilikuwa karamu ya namna gani.

Tuseme kwanza yaliyo mema, maana ni mengi. Mashindano yalikuwa yafanyike Februari, yakaahirishwa kwa kuwa viwanja na miundombinu havikuwa tayari, na wengi walidhani hayatafanyika kamwe. Yakafanyika. Timu 19 zilipokelewa Dar es Salaam, Zanzibar, Nairobi na Kampala. Tanzania, iliyofungua kwa kuifunga Burkina Faso 2–0, ilifika robo fainali kwa mara ya kwanza katika historia ya mashindano haya. Uganda nayo ilivuka hatua ya makundi kwa mara ya kwanza. Kenya, ambayo haikuwahi kushiriki hata mara moja, iliifunga Moroko 1–0 ikiwa na wachezaji kumi uwanjani. Mabingwa hawa wapya walipoteza mchezo mmoja tu, na walipotezea kwa mwenyeji wao. Kwa ratiba yake CHAN ina upendeleo tusioupata mara nyingi: hawaji nyota waliotawanyika katika vilabu vya Ulaya, bali vijana ambao Jumamosi nyingine yoyote unaweza kukutana nao katika daladala. Ni mashindano ya waliobaki nyumbani. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika Hati ya Furaha na Matumaini, uliona kwamba michezo husaidia kujenga undugu kati ya watu wa hali zote na mataifa yote, na kwa mwezi mmoja tuliuona ukweli huo kwa macho. Tulisikia Watanzania wakiishangilia Harambee Stars. Kwa wanaojua utani uliopo kati yetu na majirani zetu, hilo si jambo dogo.

Mashindano yalipewa jina la Pamoja, neno la lugha yetu, linaloeleweka Kampala, Bujumbura, Goma na Lamu. Na hapo ndipo swali letu linapoanzia, kwa sababu jina hilo lilibandikwa juu ya mlango ambao siku chache kabla ulikuwa umefungwa kwa komeo jipya.

Tarehe 28 Julai 2025, siku tano kabla ya mchezo wa ufunguzi katika Uwanja wa Benjamin Mkapa, waziri mwenye dhamana ya biashara nchini Tanzania alitoa amri inayowakataza wasio raia kufanya aina 15 za biashara. Katika orodha hiyo kuna biashara ya jumla na rejareja, uwakala wa kutuma na kupokea fedha kwa simu, ufundi wa simu na vifaa vya kielektroniki, saluni, usafi wa nyumba na ofisi, uongozaji wa watalii, udalali, na ununuzi wa mazao shambani. Asiye raia atakayekiuka anaweza kutozwa faini isiyopungua shilingi milioni 10 au kufungwa hadi miezi sita, na kufutiwa kibali cha kukaa nchini. Raia atakayemsaidia naye ana adhabu yake. Wenye leseni halali waliruhusiwa kuendelea hadi zitakapoisha muda. Baada ya hapo hazitahuishwa. Serikali ya Kenya ililalamika kwamba amri hiyo inakwenda kinyume na Itifaki ya Soko la Pamoja la Jumuiya ya Afrika Mashariki, inayotumika tangu Julai 2010.

Katika kibanda umiza tulichokitaja, kiti cha pili kutoka ukutani hukaliwa na fundi simu mmoja aliyezaliwa Busia, upande wa Kenya. Hatutamtaja jina. Ameishi katika mji wetu kwa miaka tisa, ameoa hapa, ni mwanajumuiya wa jumuiya ndogo ndogo ya Kikristo ambayo baadhi yetu tumo, na ndiye anayetengeneza kipaza sauti cha kigango kinapoharibika, mara nyingi bila kudai malipo. Usiku Taifa Stars ilipoifunga Madagaska 2–1 kwa mabao mawili ya Clement Mzize, alikuwa amevaa jezi ya Tanzania. Usiku Kenya ilipoifunga Moroko alivaa ya kwao, na tulimpongeza kama bwana harusi. Leseni yake ya biashara inaisha Desemba.

Hatutaki kuwa wepesi wa kuhukumu. Amri hiyo haikuzuka hewani. Wafanyabiashara wadogo wa Kariakoo walilia kwa muda mrefu kwamba wageni wenye mitaji mikubwa, wanaoagiza mizigo moja kwa moja kutoka viwandani, wameteremka hadi kuuza sahani na kandambili kwa rejareja, na mama mwenye meza yake barabarani hawezi kushindana nao. Malalamiko hayo ni ya kweli. Mafundisho jamii ya Kanisa hayaipingi serikali inayomlinda mnyonge wake. Kinyume chake, yanaidai ifanye hivyo. Katekisimu ya Kanisa Katoliki inafundisha kwamba mataifa yenye uwezo yana wajibu wa kumpokea mgeni anayetafuta usalama na riziki, na papo hapo inatambua kwamba mamlaka ya nchi, kwa ajili ya manufaa ya wote, yanaweza kuweka masharti ya kisheria, na kwamba mgeni naye ana wajibu wa kuheshimu sheria na urithi wa nchi iliyompokea. Kuna haki mbili hapa, na mtu anayeiona moja tu hajalisoma fundisho lote.

Lakini nyavu iliyotupwa kumnasa mwekezaji mwenye makontena imemnasa pia fundi mwenye bisibisi. Mwenye makontena ana mwanasheria, ana mshirika raia atakayeandikisha kampuni kwa jina lake, na ana mahali pengine pa kupeleka mtaji. Fundi hana. Sheria isiyotofautisha ukubwa wa mgeni huishia kumwangukia mgeni mdogo, na hilo tunalisema bila kumtuhumu mtu nia mbaya. Wahenga wetu walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Watu wengi huitumia methali hii kama onyo kwa mgeni asiyejua kuondoka. Lakini tuisikilize vizuri: haisemi siku ya tatu mfukuze. Inasema mpe kazi, aingie shambani pamoja nawe, awe mtu wa nyumba. Sisi tumekuwa wakarimu wa siku mbili za kwanza, siku za nyimbo na vigelegele. Ugumu umekuwa katika jembe.

Na haya si ya Tanzania peke yake, wala hayakuanza mwaka 2025. Mtumishi wa Mungu Julius Nyerere, mwaka 1960, alikuwa tayari kuuchelewesha uhuru wa Tanganyika ikiwa kungoja huko kungeziwezesha nchi zetu kuingia katika shirikisho moja. Hilo halikutimia. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ya kwanza ilivunjika, na mpaka wa Tanzania na Kenya ukafungwa hadi mwaka 1983. Familia zilizokuwa na shamba upande mmoja na wazazi upande mwingine zilipata tabu ambayo wazee wa mipakani hawajaisahau. Lakini mpira haukusimama. Mwaka 1981, mpaka ukiwa bado umefungwa, mashindano ya CECAFA yalifanyika Tanzania, na fainali ikachezwa Dar es Salaam kati ya Tanzania na Kenya. Kenya ilishinda 1–0. Wachezaji walisalimiana, kombe likakabidhiwa, timu ikaenda kwao, na mpaka ukaendelea kufungwa kwa miaka mingine miwili.

Tunaikumbuka fainali hiyo si kwa lengo la kuudharau mpira. Tunaikumbuka kwa sababu inatuonya tusiuchukulie uwanja uliojaa kuwa ushahidi wa undugu. Timu inaweza kuvuka mahali ambapo mama mwenye kapu la nyanya hawezi. Hata mwaka 2025, mwezi Mei, wanaharakati kutoka Kenya na Uganda waliokuja Dar es Salaam kufuatilia kesi mahakamani walirudishwa makwao, na wawili kati yao walieleza baadaye mateso waliyosema walifanyiwa wakiwa mikononi mwa vyombo vya dola. Miezi mitatu baadaye tulikuwa tunawakaribisha mashabiki kutoka nchi hizo hizo kwa ngoma. Baba Mtakatifu Francisko, katika Waraka wake wa kitume Fratelli tutti wa mwaka 2020, alionya juu ya namna ya kuipenda nchi ambayo kwa kweli ni kujifungia ndani kwa hofu, na akafundisha kwamba mtu aliyekita mizizi vizuri kwao ndiye awezaye kumpokea mwingine bila woga. Kampeni za uchaguzi mkuu nchini Tanzania zilianza tarehe 28 Agosti, siku mbili kabla ya fainali. Tutakaposikiliza hotuba za majukwaani, tusikilize pia watakavyosema, au watakavyonyamaza, juu ya jirani.

Upande wa Nairobi nako kulikuwa na habari ya milango na viti, kwa maana halisi kabisa. Ikumbukwe kwamba mji huo uliandaa fainali wiki chache tu baada ya maandamano ya tarehe 25 Juni na 7 Julai, ambamo makumi ya watu, wengi wao vijana, walipoteza maisha. Vijana wa rika hilo hilo ndio waliofurika Kasarani mwezi Agosti wakiwa wamejipaka rangi za bendera. Siku ya mchezo na Moroko, watu wasio na tiketi walivunja utaratibu wa malango na kuingia kwa nguvu. Shirikisho la soka la Afrika, CAF, likaitoza faini Kenya na kupunguza idadi ya watazamaji walioruhusiwa katika mchezo uliofuata na Zambia hadi 27,000, huku tiketi zikiwa za kielektroniki peke yake. Kwa usalama wa watu hatuna la kupinga. Anayekumbuka maafa yaliyowahi kutokea katika viwanja vya bara letu hatauita uamuzi huo ukali. Hata hivyo tulisikitika kuona jinsi mjadala ulivyogeuka kuwa wa nidhamu ya vijana tu. Kijana anayejisikia kwamba nchi ina malango mengi yasiyomfungukia, la shule, la ajira, la kusikilizwa, haishangazi akisukuma lango moja ambalo anaamini kwamba nyuma yake kuna furaha yake. Hatuhalalishi. Tunasema tu kwamba kufunga lango vizuri ni kazi ya polisi, na kueleza kwa nini watu wanasukuma ni kazi ya wengine, wachungaji wa Kanisa wakiwemo.

Papo hapo kulikuwa na ahadi. Rais wa Kenya aliwaahidi wachezaji shilingi milioni moja za Kenya kila mmoja kwa kila ushindi na nusu milioni kwa sare, na timu nzima shilingi milioni 600 ikitwaa kombe. Mtenda kazi amestahili ujira wake, na hatuwaonei wivu vijana wale, wameuvuja jasho. Lakini katika ligi zetu za ndani, kilio cha mchezaji kucheleweshewa mshahara si kigeni kwa mtu yeyote anayezifuatilia. Zawadi ya mkono wa mkubwa hupokelewa kwa makofi na husahaulika baada ya mwezi. Mkataba unaolipwa kila mwezi haupigiwi makofi na mtu, na ndio unaomlipia mtoto ada. Tungependa, kabla ya mwaka 2027, nchi zetu tatu zitakapoandaa Kombe la Mataifa ya Afrika lenyewe, tusikie habari za mikataba hiyo kuliko habari za ahadi.

Tumeisema Tanzania, tumeisema Kenya. Lakini ikiwa tunataka kuelewa ile sehemu ya pili ya Injili ya Dominika, juu ya mgeni asiye na cha kulipa, inatubidi tuitazame timu ambayo haikufika fainali.

Sudan ilikuja kwetu kutoka katika vita vilivyoanza tarehe 15 Aprili 2023 kati ya jeshi la nchi hiyo na kikosi cha RSF, vita vilivyowang'oa makwao zaidi ya watu milioni 10. Vilabu vyake viwili vikubwa vya Omdurman, Al Hilal na Al Merrikh, vililazimika msimu wa 2024/25 kucheza katika ligi ya Mauritania, upande mwingine kabisa wa bara. Timu ya taifa, ikifundishwa na James Kwesi Appiah wa Ghana, iliifunga Nigeria 4–0 katika Uwanja wa Amaan, Zanzibar. Hapo hapo Zanzibar ikaitoa Aljeria kwa mikwaju ya penalti. Katika nusu fainali Dar es Salaam ilifungwa na Madagaska bao moja, dakika ya 116, wakati miguu imekwisha nguvu. Na Kampala, katika mchezo wa kutafuta mshindi wa tatu, ilitoka sare na Senegal kisha ikashindwa kwa penalti. Ikaondoka bila medali. Na wakati ule hawakuwa na kiwanja cha kwao cha kurudia. Zanzibar, Dar es Salaam na Kampala ndizo zilizokuwa nyumbani kwao kwa mwezi mmoja.

Tuliwashangilia, naam. Wengi wetu hatukujua jina la mchezaji wao hata mmoja, lakini tuliwashangilia kama mtu anavyomsimamia yatima wa jirani. Ni katika kuwashangilia hao ambapo tunaamini neno Pamoja lilikuwa na maana yake kamili, kwa sababu Sudan haikuwa na kitu cha kutulipa: wala watalii, wala mkataba wa biashara, wala mwaliko wa kurudisha. Swali ni kama ukarimu huo unawafikia Wasudan wasiovaa jezi. Uganda, nchi iliyowapokea katika mchezo wao wa mwisho, inawahifadhi wakimbizi zaidi ya milioni moja na nusu, idadi kubwa kuliko nchi nyingine yoyote ya Afrika, na miongoni mwao ni Wasudan waliopo katika makazi ya Kiryandongo. Mwaka 2025 mgao wa chakula wa wakimbizi ulipunguzwa kwa sababu fedha za misaada zilikauka. Sisi Tanzania mwaka 2025 tulikuwa na ndugu wa Kongo na Burundi katika kambi za Nyarugusu na Nduta, mkoani Kigoma. Wengi wa wasomaji wetu hawajawahi kufika huko, na tukiri kwamba hata sisi tunaoandika haya hatujawaandikia mara nyingi inavyotupasa.

Kwa Kanisa jambo hili si la pembeni. Maaskofu wa Sudan ni wanachama wa AMECEA, shirikisho la mabaraza ya maaskofu wa Afrika ya Mashariki lililoanzishwa mwaka 1961, pamoja na maaskofu wa Tanzania, Kenya na Uganda. Ni Kanisa la meza moja na sisi. Askofu mkuu wa Khartoum, Michael Didi, alikutwa na vita akiwa Port Sudan na hakuweza kurudi katika makao yake. Mapadre na watawa walitawanyika pamoja na waamini wao. Jumatano, tarehe 3 Septemba 2025, mwishoni mwa katekesi yake, Baba Mtakatifu Leo XIV aliwakumbuka watu wa Sudan, hasa wa El Fasher waliokuwa wakizingirwa na njaa na mapigano, pamoja na waliofukiwa na maporomoko ya ardhi katika kijiji cha Tarasin huko Darfur. Maporomoko hayo yalitokea tarehe 31 Agosti, siku moja baada ya fainali. Wakati sisi tunajadili bao la Lamlioui njiani kwenda Misa, kijiji kizima kilikuwa kinafunikwa na matope.

Baba Mtakatifu huyo huyo, katika Misa ya Jubilei ya Michezo, Dominika ya Utatu Mtakatifu, tarehe 15 Juni 2025, alizungumzia jambo ambalo wenyeji watatu waliotolewa robo fainali wana haki ya kulisikia. Alifundisha kwamba katika jamii yenye ushindani, inayodhani kwamba wenye nguvu na washindi tu ndio wanaostahili kuishi, michezo humfundisha mwanadamu pia kushindwa, na humkutanisha na udhaifu wake, na ni kwa mlango huo wa udhaifu moyo hufungukia matumaini. Katika Misa hiyo alimtaja Pier Giorgio Frassati, kijana mpanda milima wa Torino, msimamizi wa wanamichezo, ambaye Dominika, tarehe 7 Septemba 2025, alimtangaza kuwa mtakatifu. Frassati alitumia fedha zake kwa maskini wa mji wake kwa siri, hata familia yake ilishangaa kuwaona maskini hao wakija kwa wingi kumzika.

Hatudhani kwamba kutolewa robo fainali ni msalaba. Ni mpira. Lakini ilitufunulia kitu: mwenyeji aliyeshinda hujiona mwenye nyumba, na mwenyeji aliyeshindwa hulazimika kubaki akiwahudumia wageni wanaokula karamu aliyoitamani. Timu zetu zilipotoka, viwanja vilibaki kufagiliwa, malango kulindwa, magari ya wageni kuongozwa na chai kupikwa. Wapo watu waliofanya kazi hizo kwa wiki nzima ya mwisho bila timu ya kuishangilia, na picha zao hazikutokea popote. Kama mtu atatuuliza ni nani hasa walioandaa CHAN, tutawataja hao kabla ya mawaziri.

Fundi wetu alikuwepo siku ya fainali. Alikaa kiti chake cha pili kutoka ukutani, akaishangilia Madagaska kama sisi, na baada ya mchezo akatengeneza waya wa televisheni ya kibanda uliokuwa ukikatakata sauti tangu kipindi cha kwanza. Katika sala ya jumuiya, Alhamisi jioni, habari ya leseni yake ilizungumzwa kwa mara ya kwanza waziwazi. Mama mmoja anayeuza vitenge alisema anaiunga mkono amri ya serikali kwa sababu duka lake lilikaribia kufa. Kisha akasema kwamba hakudhani inamhusu huyu. Mazungumzo yalichukua muda mrefu kuliko sala. Mwishowe ilikubaliwa kwamba wajumbe wawili wa kamati ya haki na amani ya parokia, na yule mama akiwa wa tatu, wafuatane naye hadi ofisi ya biashara ya halmashauri kuuliza kama kuna nafasi yoyote kwa raia wa Jumuiya ya Afrika Mashariki mwenye familia hapa, na kama haipo, wapi maombi ya namna hiyo yanapelekwa. Wataenda Jumatatu. Jibu watakalopewa tutalichapisha katika ukurasa huu.